KILA MOTO NA DAWA YAKE

Ndugu mfanyakazi, na wewe mama unayesoma ukurasa huu nyumbani,

Mgonjwa akifika dispansari na kusema «ninaumwa», munganga hachukui chupa ya kwanza anayoiona mbele yake. Anauliza kwanza: unaumwa wapi? Tangu lini? Umekula nini? Kwa maana dawa ya malaria haiungi mguu uliovunjika, na dawa inayomponya huyu inaweza kumuua yule.

Moto nao ni vivyo hivyo. Ziko namna nyingi za moto, na kila namna ina dawa yake. Maji yanaponya moto mmoja, na kuufanya mwingine ulipuke. Kwa hiyo kabla ya kunyosha mkono na kushika kizima-moto, lile pipa jekundu ambalo wengi wetu wanaliita «ekstenkteri», ujiulize neno moja tu: NI KITU GANI KINACHOWAKA? Mwenye kujua jibu la neno hilo anajua dawa. Asiyejua, afadhali akimbie na kuita wengine.

MOTO UNAISHI KWA VITU VITATU

Moto unahitaji chakula (kitu kinachowaka), hewa (ile oksijeni tunayoivuta sisi pia), na joto la kutosha. Vitu hivyo vitatu ni kama mafiga matatu chini ya chungu. Ondoa figa moja, chungu kinaanguka.

Maji yanaondoa joto. Bulangeti, mchanga, povu na kifuniko cha sufuria vinaondoa hewa. Kufunga robine ya gazi kunaondoa chakula. Unga wa kizima-moto unafanya kazi nyingine tena: unaingia ndani ya ndimi za moto na kukata ule mwendo wa kuwaka wenyewe. Hiyo ndiyo sababu ndimi zinazimika kwa ghafula. Lakini unga haupozi sana, na hivyo moto uliozimwa kwa unga unaweza kurudi ukikuta bado kuna joto.

HERUFI ZA MOTO

Katika nchi yetu tunafuata herufi za Ulaya. Utaziona zimeandikwa juu ya kizima-moto, kila moja pamoja na picha ndogo. Zisome leo, wakati moshi haujakuingia machoni.

A: vitu vigumu vinavyoacha kaa. Mbao, makaratasi, nguo, godoro, mikeka, makala ya mbabula, magunia, mipira ya magari. Alama yake ni kwamba baada ya ndimi kuzimika, moto unabaki ndani, mwekundu, unangoja. Dawa yake ya kwanza ni maji, kwa sababu maji yanafika ndani na kupoza. Povu linafaa pia. Unga ulioandikwa ABC unafaa vilevile, kwa sababu unayeyuka na kufunika kaa. Lakini unga ulioandikwa BC tu unazima ndimi na kuliacha kaa hai. Nusu saa baadaye moto unaanza upya. Baada ya moto wa A, chakura majivu, mwagia maji, na usiondoke mpaka yamepoa.

B: vitu vya majimaji. Esansi, mazutu, petroli ya taa, rangi, mafuta ya mashine, na dawa za kuyeyushia rangi. Hapa jua jambo moja kubwa: majimaji yenyewe hayawaki, unawaka ule mvuke unaopanda juu yake. Esansi inatoa mvuke hata katika usiku wa baridi, na mvuke huo ni mzito kuliko hewa; unatambaa chini, unaingia mitaroni, na kukutana na mbabula iliyo mbali. Mazutu ni polepole zaidi, lakini yakirushwa kama mvua nyembamba kutoka mpira uliopasuka mpaka kwenye turbo ya gari kubwa iliyo moto, yanashika mara moja.

Usimwage maji kwa nguvu juu ya moto wa B. Mafuta ni mepesi kuliko maji. Yanapanda juu, yanaelea, na kutembea pamoja na moto wao mpaka miguuni mwako. Dawa yake ni povu, ambalo linatandika bulangeti juu ya mafuta na kufunga mvuke, au unga, au CO2 kama moto ni mdogo na hakuna upepo.

Wenzetu wa viwanda vya kusafishia shaba, pale majimaji ya shaba yanapochanganywa na namna ya petroli ili kuitoa shaba, wanaishi karibu na mafuta mengi sana ya kundi hili. Huko Australia, kiwanda cha Olympic Dam kilishikwa na moto mahali pa namna hiyo mara mbili, mwaka 1999 na mwaka 2001. Basi sigara, simu na cheche za vyuma vinavyokatazwa pale havikatazwi kwa ajili ya kuwasumbua watu.

Na sisi wote tukumbuke Sange, katika Kivu ya Kusini. Tarehe 2 Julai 2010 gari la esansi lilipinduka pale. Watu walikaribia, wengine kutazama na wengine kuchota. Mvuke ukashika moto. Walikufa watu zaidi ya 200, wakiwemo watoto. Gari la esansi likipinduka karibu na kambi, mafuta yale si mali ya bure. Ondoa watoto wako, uende mbali, upande unakotoka upepo.

C: gazi. Butani na propani za kupikia, asetilini ya shalumo katika atelye. Sheria ya moto wa gazi inawashangaza wengi: USIZIME NDIMI KAMA HUWEZI KUFUNGA ROBINE. Gazi inayowaka inaonekana, na unajua iko wapi. Ukizima ndimi na gazi ikaendelea kutoka, inajaa nyumba bila kuonekana, kisha cheche moja inaibomoa nyumba nzima. Dawa ya kwanza ni kufunga robine. Kama robine haifikiki, ondoa watu, poza kwa maji vitu vilivyo karibu ukiwa mbali, na uite wazima-moto. Chupa ya asetilini iliyopata joto ni ya kuogopwa sana: inaweza kulipuka hata baada ya moto wa nje kuisha. Usiiguse wala usiisogeze.

D: madini yanayowaka. Usicheke, ndugu. Kipande kizima cha alumini hakiwaki, lakini unga wake na nyuzi zake nyembamba zinazobaki chini ya mashine ya atelye zinaweza kuwaka. Maniezi inawaka pia, na vilevile sodiamu ya laboratwari. Moto wao ni mkali na mweupe. Ukimwaga maji, madini haya yanayavunja maji na kutoa hidrojeni, na hidrojeni inalipuka. CO2 nayo haifai, na unga wa kawaida haufai. Dawa ni unga wa pekee ulioandikwa D, au mchanga MKAVU, uliowekwa polepole kwa pau bila kutawanya moto. Mchanga uliolowa mvua si dawa, ni maji yaliyofichwa. Hivyo sanduku la mchanga liwe na kifuniko, wala mtu asitupe ndani yake mabaki ya sigara na maganda ya karanga.

F: mafuta ya kupikia. Mafuta ya mawese na ya karanga yakisahauliwa motoni yanapata joto la digrii zaidi ya 300, na yanashika moto yenyewe, bila kiberiti. Maji yanachemka kwa digrii 100. Fikiri sasa: maji ya kikombe kimoja yakizama ndani ya mafuta yale, yanageuka mvuke kwa dakika moja ya jicho, na litre 1 ya maji inatoa karibu litre 1700 za mvuke. Mvuke huo unarusha mafuta yote hewani, yakiwa yanawaka. Hivyo ndivyo nyuso na mikono inavyoungua jikoni.

Kwa jiko kubwa la kantini kuna kizima-moto cha pekee kilichoandikwa F. Dawa iliyo ndani yake inapokutana na mafuta ya moto inageuza sehemu ya juu kuwa sabuni, sawasawa na mama wanaopika sabuni kwa mafuta ya mawese na soda kostiki. Sabuni ile inafunika na kupoza. Nyumbani, dawa ni kifuniko. Tutaieleza mbele.

NA KURANTE JE?

Wengi wanauliza: moto wa kurante una herufi gani? Katika herufi za Ulaya, hauna. Kurante yenyewe haiwaki. Kinachowaka ni plastiki ya nyaya, vumbi, mafuta ya transforma, mbao za karibu. Kurante ni kama nyoka aliyejificha ndani ya moto ule: kwanza mtoe nyoka.

KATA KURANTE. Ukiisha kuikata, na ukawa na hakika, moto unakuwa moto wa A au wa B, nawe unaujua tayari. Kama huwezi kuikata, maji ni marufuku, kwa maana maji yanapitisha kurante mpaka mkononi mwako. Tumia CO2 au unga, na usikaribie kuliko urefu ulioandikwa juu ya kizima-moto. Kwa nyaya za nguvu kubwa, kazi hiyo si yako: ondoka na uwaite mafundi wa kurante. CO2 inapendwa katika vyumba vya kurante kwa sababu haiachi uchafu ndani ya vyombo.

ANGALIA: HERUFI MOJA, MAANA MBILI

Hapa iko hatari ambayo wazee wetu hawakuijua. Zamani vyombo vyetu karibu vyote vilitoka Ulaya. Leo magari na mashine mgodini zinatoka pande nyingi za dunia, na vizima-moto vyao vinakuja pamoja navyo.

Katika herufi za Marekani, C si gazi: C ni kurante. Mafuta ya jikoni si F bali ni K. Nchini China, C ni gazi kama kwetu, lakini kurante ina herufi E. Basi mtu anayesoma herufi bila kutazama picha anaweza kujidanganya. Anaona BC juu ya kizima-moto cha Ulaya, anadhani kimepimwa kwa ajili ya kurante kama kile cha Marekani, kumbe herufi ile inasema habari ya gazi tu.

Kwa hiyo soma mambo matatu: herufi, picha, na maandishi ya kukataza. Picha ya waya au ya cheche inahusu kurante; picha ya chupa au robine inahusu gazi. Na kama imeandikwa kwa Kifaransa kwamba kisitumiwe juu ya kurante, uamini maandishi, hata kama mwenzako anasema «haidhuru».

JE, KILE KILICHO UKUTANI KWAKO NI KIPI?

Karibu vyote ni vyekundu, basi rangi ya pipa haitakuambia kitu. Tafuta neno la Kifaransa.

Eau: maji. Kwa moto wa A.

Mousse: povu. Kwa A na B.

Poudre ABC: unga wa namna nyingi. Kwa A, B na C. Ndio unaoonekana zaidi juu ya magari. Ubaya wake: ndani ya chumba kidogo unaleta wingu, huoni mlango tena, na kifua kinakohoa.

CO2: pipa zito lenye pembe nyeusi mdomoni, bila saa ya kuonyesha nguvu. Kwa B ndogo na vyombo vya kurante. Ubaya wake ni wa namna mbili. Theluji inayotoka ina baridi ya karibu digrii 78 chini ya sifuri. Ukishika pembe yenyewe badala ya mkono wake, ngozi inaungua kwa baridi. Tena CO2 inaondoa hewa ya moto na ya kwako vilevile. Katika chumba kidogo au shimo lisilo na upepo, ukiisha kuitumia, toka na ufunge mlango.

Kila unapoanza kazi, tazama: je, kiko mahali pake? Kipini na kamba yake ndogo bado viko? Sindano iko katika rangi ya kijani? Mpira haukupasuka? Tarehe ya kukaguliwa haikupita? Kazi hiyo haimalizi dakika moja. Tena usikitundike koti lako, wala usikiweke kizuizi cha mlango. Na CO2, kwa kuwa haina saa, inajulikana kwa kupimwa uzito tu; hiyo ni kazi ya wakaguzi.

NAMNA YA KUTUMIA

1. Piga kelele kwanza. Mtu mmoja aite wazima-moto, wengine watoke.

2. Simama mahali ambapo mlango wa kutokea uko nyuma yako. Upepo uwe mgongoni. Chini ya udongo, hewa ya ventilasio iwe mgongoni.

3. Ng'oa kipini. Jaribu kidogo ukiwa mbali, ili kujua kama kinafanya kazi.

4. Elekeza chini, mahali moto unapokula, si juu kwenye ndimi.

5. Finya, na ufagie kushoto na kuume, ukisogea polepole.

6. Moto ukizimika, rudi kinyumenyume. Usiupe mgongo.

Jua pia kwamba kizima-moto cha mkono ni dawa ya moto mchanga. Kile cha kilo 6 za unga kinamalizika kwa sekunde 10 mpaka 20 hivi. Hesabu mwenyewe: moja, mbili, tatu… tayari kimekwisha. Kama moto umefika kimo chako, kama moshi unashuka kutoka darini, kama hujui kinachowaka, au kama kizima-moto kimoja hakikutosha: TOKA. Mashine inanunuliwa tena. Baba wa watoto hanunuliwi.

Na moto ukishika mpira wa gari kubwa la mgodini, usikaribie hata baada ya ndimi kuzimika. Mpira wenye joto ndani unaweza kupasuka kama bomu. Kaa mbali, wala usisimame ubavuni mwake.

MOSHI NDIO MUUAJI

Sisi wa dispansari tunajua jambo hili kuliko wengine: moshi unaua wengi kuliko ndimi za moto. Ndani ya moshi kuna gazi iitwayo oksidi ya kaboni. Haina rangi, haina harufu. Inaingia ndani ya damu na kukaa mahali pa oksijeni. Mtu anasikia kichwa kinauma, miguu inalegea, anataka kutapika, anasinzia, halafu haamki.

Tarehe 8 Agosti 1956, katika mgodi wa makala ya mawe wa Bois du Cazier, huko Marcinelle nchini Ubelgiji, kigari kiliingizwa vibaya ndani ya lifti ya shimo. Lifti ilipopanda, bomba la mafuta likavunjika, na nyaya za kurante na bomba la hewa ya nguvu vikakatika. Tazama sasa kwa macho ya somo letu: mafuta ni chakula, cheche za kurante ni joto, na bomba lililovunjika linapuliza hewa. Mafiga matatu kwa dakika moja! Kisha mbao za shimo zikashika. Watu 262 walikufa, na wengi wao hawakuguswa na moto. Moshi uliwafuata mahali walipokuwa.

Tarehe 16 Septemba 1986, katika mgodi wa dhahabu wa Kinross, Afrika Kusini, moto wa asetilini ya kuunga vyuma ulishika povu la plastiki lililopakwa kwenye kuta. Plastiki ile ilitoa moshi wa sumu. Watu 177 walikufa.

Wewe unayefanya kazi chini ya udongo, usiache kifaa chako cha kupumulia cha kujiokoa juu, kwa sababu kinakuumiza kiunoni. Ukiona moshi au kusikia harufu yake, kivae mara hiyo, usingoje kukohoa. Na fundi wa shalumo, kabla ya kuwasha, ondoa vitu vinavyowaka, weka kizima-moto karibu, na baada ya kazi kaa mahali pale utazame. Cheche iliyolala inaamka wakati watu wamekwenda kula.

NYUMBANI KWETU

Mama, mafuta yakishika moto ndani ya sufuria: usimwage maji, usibebe sufuria kukimbia nayo nje. Funika kwa kifuniko, au kwa nguo nene iliyolowa na kukamuliwa vizuri. Ondoa moto chini, au zima resho. Kisha acha ikiwa imefunikwa mpaka imepoa kabisa. Ukifunua upesi ili kutazama, hewa inaingia na moto unarudi.

Resho nayo ina hila yake. Kurante inakatika jioni, bukari haijaiva, mama anawasha mbabula. Resho inasahauliwa ikiwa imefunguliwa, na juu yake mtoto anaweka nguo au kitabu. Saa nane za usiku kurante inarudi, na watu wote wamelala. Kila mara kurante inapokatika, zungusha kifungo cha resho mpaka sifuri, na ung'oe waya ukutani.

Mwezi wa sita na wa saba, baridi ya Lubumbashi, ya Likasi na ya Kolwezi inajulikana. Watu wanaingiza mbabula chumbani na kufunga madirisha. Makala mekundu hayatoi moshi, na watu wanadhani hayana hatari. Kumbe yanatoa gazi ileile ya Marcinelle. Mbabula ilale nje.

Esansi isilale ndani ya nyumba, wala isiwekwe ndani ya chupa ya kinywaji. Usiongeze esansi katika jeneratere inayozunguka. Izime, ipoe kwanza.

Na simu? Kobalti ya Katanga inakwenda duniani na kurudi kwetu ndani ya batri za simu. Batri iliyovimba usiichaji. Simu isichajiwe chini ya mto wa kulalia. Ikianza kutoa moshi, ng'oa waya ya kuchaji ikiwa unaweza bila kujiunguza, ondoa watoto, fungua milango, na umwage maji mengi ili kupoza batri. Usivute moshi wake, ni sumu.

MTU AKIUNGUA

Nguo zikishika moto, mtu asikimbie. Kukimbia kunapuliza moto. Alale chini, ajiviringishe, au mfunike kwa bulangeti.

Kisha maji safi ya kawaida, yanayotiririka, juu ya jeraha kwa dakika 20. Si barafu. Kwa mtoto mdogo, poza jeraha na ufunike mwili mwingine asishikwe na baridi. Vua pete na saa kabla mkono haujavimba. Nguo iliyoganda juu ya ngozi usiivute. Malengelenge usiyapasue. Funika kwa kitambaa safi, na umlete hospitali.

Usipake dawa ya meno, mafuta, yai, unga wa muhogo wala udongo. Vitu hivyo vinafungia joto ndani, vinaleta vidudu, na munganga analazimika kuviondoa juu ya nyama iliyo hai. Ni maumivu mara mbili.

Aliyevuta moshi aletwe hospitali hata akisema «mimi mzima», zaidi sana kama sauti imekwaruza, au masizi yako puani na mdomoni. Koo linaweza kuvimba saa kadhaa baadaye na kufunga njia ya hewa. Na aliyeshikwa na kurante, usimguse kabla ya kuikata.

JIPIME MWENYEWE

Ficha majibu, kisha jibu pamoja na watoto wako.

1. Magunia matupu yanawaka katika depo. 2. Kabati ya kurante inatoa moshi na ndimi. 3. Mafuta ya mawese yanawaka jikoni. 4. Gazi inawaka kwenye mpira wa chupa, na robine inafikika. 5. Nyuzi za alumini zinawaka chini ya mashine.

Majibu: 1. Maji, povu au unga ABC. Kisha chakura na kupoza. 2. Kata kurante, CO2 au unga, maji hapana. 3. Kifuniko, na kuzima moto wa chini, maji hapana. 4. Funga robine kwanza. 5. Mchanga mkavu au unga wa D. Maji hapana, CO2 hapana.

Ukijibu yote matano, mfundishe jirani yako. Ukikosa moja, soma tena sehemu yake.

Kesho ukifika kazini, kabla hujashika chombo chochote, nenda usimame mbele ya kizima-moto kilicho karibu nawe. Soma herufi yake na picha yake. Tazama pia vitu vinavyokuzunguka pale: ni mbao? ni mazutu? ni kurante? Kama dawa iliyo ukutani hailingani na ugonjwa unaoweza kutokea mahali pale, mwambie shefu wako siku ileile, na kamati ya usalama iandikiwe.

Kata ukurasa huu, mama, uubandike karibu na jiko. Lakini si karibu sana, kwa maana karatasi ni moto wa A.